Machi Hatulali

Wasee wa soka wako na raha yao. Arsenal ikicheza, mtaa yote inajua. Base zinajaa, mathe wa smokie anauza mpaka anafunga mapema, na hata makanga akikunyima chenji bado atakuuliza skoa ni gani. Sisi wa kikapu tuko wachache, tunajuana, na mwezi wetu ni mmoja. Machi ikifika, vyuo za Marekani zinaingia ile mashindano inaitwa March Madness. Timu 68, na ukichapwa mara moja umeenda home.

Hapo ndo utamu iko. Huko NBA mtoano inaweza kuchezwa mpaka gemu saba, so ukilala leo bado kesho kutwa uko ndani. NBA ni deni ya duka. March Madness ni auctioneer kwa mlango. Chuo inaweza kuwa imetesa kila mtu tangu Novemba, alafu ikutanishwe na vijana wa kachuo kenye hata Wamarekani wenyewe wanatafuta kwa ramani. Dakika 40 zikiisha, msimu imezikwa. Hakuna mkondo wa pili, hakuna kuambiana tutapatana kwetu.

Uliza Virginia. 2018 waliingia wakiwa namba moja wa mashindano yote, wakapewa UMBC, vijana wa chuo ya huko Baltimore wenye walikuwa namba 16 kwa mkoa. Tangu mashindano ya wanaume ipanuliwe ifike timu 64 mwaka wa 1985, namba 16 hakuwa amewahi kuchapa namba 1, hata siku moja. UMBC wakawatandika 74-54. Pointi ishirini, maze! Si ile ya kuponea kwa sekunde ya mwisho. Lakini kitu inanibamba na hao Virginia ni hii: mwaka uliofuata walirudi na aibu yao yote wakabeba kombe. Purdue nao wakaonja hiyo dawa 2023, Fairleigh Dickinson wakawatoa 63-58.

Kama wewe ni mgeni, form iko hivi. Sande moja katikati ya Machi kamati inatangaza timu. 2025, timu 31 ziliingia juu zilishinda ligi zao, 37 zikachaguliwa na kamati, na hao wenye waliachwa nje walilia kwa runinga wiki mzima. Zinagawanywa mikoa nne, kila mkoa inapangwa kutoka namba 1 hadi 16, mkubwa anapewa mdogo. Kuna gemu nne za kupunguza watu huko Dayton, Ohio. Alafu Alhamisi na Furahiday ndo vurugu yenyewe, gemu 32 kwa siku mbili.

Hiyo Sande usiku mbogi yetu ya WhatsApp inafufuka, juu mwaka mzima ni kama makaburi. Kila msee anaweka soo mbili na kujaza mkeka yake, gemu 63 zote, mpaka bingwa, kabla mpira haijarushwa. Kuna msee wa hesabu mwenye husoma takwimu mpaka macho zinakuwa kama za mlevi. Kuna manzi wa Umoja anachaguanga na wanyama wa timu: dubu anakula bata, chui anakula ndege, imeisha. Na nikuambie ukweli, huyo manzi ameshakula doo ya msee wa hesabu, tena si mara moja. Juu ukirusha shilingi kwa kila gemu, nafasi ya kupatia zote 63 ni moja kwa 9,223,372,036,854,775,808. Mwenye anajulikana amefika mbali kabisa ni msee wa Ohio, 2019, alipatia gemu 49 za kwanza bila kukosa. Ya 50 ikamchania. Ya kwangu huchanika Alhamisi, strungi ya kwanza bado iko moto.

Sasa masaa. Mwezi wa tatu Wamarekani wakishasongesha saa zao mbele, Nairobi inakuwa mbele ya New York kwa masaa saba. Gemu ya kwanza ya Alhamisi inaanza saa moja na robo usiku, time ya ugali. Hiyo iko fiti, hata mathe anaweza kaa chini akacheki, akauliza mbona hao watoto warefu hivyo hawapewi kazi ya kubadilisha bulb za barabara. Lakini zinapangana, moja ikiisha nyingine inaamka, na ile ya mwisho inaanza kitu saa kumi na moja asubuhi, wasee wa mjengo wakishuka stage. Fainali yenyewe wanachezanga Jumatatu usiku kwao. Kwetu ni Jumanne, saa kumi kasoro dakika kumi, usiku wa manane umeshapita na jogoo bado hajajua.

Ukikaa ploti, hiyo ni siasa. Ukuta ni nyembamba, jirani ako na mtoi mchanga, na caretaker anatafuta tu sababu. So sheria ni mbili. Sauti ni ya kwa masikio, na kushangilia ni ndani ya mto. Kuna aina ya kupiga nduru bila sauti yenye mashabiki wa kikapu Nairobi wameifanya kuwa talanta: mdomo wazi, mishipa ya shingo imesimama, hakuna kitu inatoka. Tokens unacheki mapema, juu stima ikikatika saa kumi usiku hakuna duka iko wazi na hakuna mtu utaamsha. Bundles unanunua za masaa. KDF unanunua jioni, zikiwa za jana zinakuwa mawe lakini kwa strungi zinarudi kuwa chakula. Na link ikikwama sekunde nne zikiwa zimebaki, hapo ndo utajua kama kweli umeokoka.

2025 ilitupatia mfano mzuri. Colorado State, namba 12, wako mbele ya Maryland kwa pointi moja, sekunde ni za kuhesabu na vidole. Derik Queen wa Maryland akapewa mpira, akaingia akiegemea upande, akarusha ikagonga ubao, ikaingia na kengele. 72-71. Mpaka leo kuna wasee wanabishana kama alitembea na mpira, na mimi niko kwa upande ya wale wanasema alitembea. Huko ilikuwa Sande usiku. Hapa ilikuwa Jumatatu, watu wanaoga waende job.

Swali yenye mimi huulizwanga na mabeshte wa soka ni moja: wewe mtoi wa Eastlando, hizo vyuo ni za nani wako? Hujasoma huko, hutawahi lipa karo ya huko, na jezi unavaa ni ya Gikomba. Jibu yangu ni kwamba mimi sishabikii chuo. Mimi hufungua ile orodha ya wachezaji, natafuta jina ya mtu wetu, na penye nimeipata ndo nimehamia.

Hiyo tabia ilianza na Hasheem Thabeet. Jamaa wa Dar, futi saba na inchi tatu, alikuwa UConn akirudisha mipira za watu kama ameajiriwa mlangoni. 2009 aligawana tuzo ya mchezaji bora wa ligi ya Big East na DeJuan Blair, na UConn wakafika nusu fainali. Ilichezwa Detroit, ndani ya Ford Field, uwanja ya ile football yao, watu zaidi ya 70,000. Shida ni kwamba Michigan State walikuwa hapo kwao kabisa, na wakawatoa 82-73. Miezi haijaisha mitatu, Memphis wakamchukua NBA akiwa namba 2, mbele ya James Harden na Stephen Curry. Najua, najua. Mbongo yeyote wa kikapu amechekwa na hiyo draft mpaka amezoea, juu NBA haikumwendea venye watu walitarajia. Lakini kijana wa Dar alifika penye hakuna Mtanzania alikuwa amefika, na mtaa zetu zikajua kuna kitu inaitwa Final Four.

Mwaka huo huo Obama alikuwa na miezi miwili tu White House. Akasimama kwa ESPN na kalamu, akajaza mkeka yake, akasema North Carolina watachukua. Wakachukua. Kogelo walikuwa na haki ya kujigamba.

Alafu kukaja Oscar Tshiebwe, kijana wa Lubumbashi. Huko Katanga Kiswahili ndo ya nyumbani, so huyo nilimhesabu wetu bila kuuliza mtu. Alikuwa Kentucky, na msimu wa 2021/22 alikuwa anashika ribaundi 15.1 kila gemu, namba yenye haikuwa imeonekana kwa ngazi hiyo kwa zaidi ya miaka 40. Akapewa tuzo ya mchezaji bora wa nchi mzima. Raundi ya kwanza Kentucky, namba 2, wakapewa Saint Peter's, kachuo ka Jersey City, namba 15. Wueh. Oscar alifunga 30, akashika ribaundi 16, gemu ikaenda muda wa ziada, na bado wakalala 85-79.

Hapo ndo nilijua hii kitu inaweza kukutesa pande mbili. Mtu wetu ako kwa mkubwa, lakini roho ya mtoto wa mtaa inataka mnyonge ashinde. Saint Peter's hawakuishia hapo. Wakachapa Murray State, wakachapa Purdue, wakawa namba 15 wa kwanza kuingia timu nane za mwisho. North Carolina wakawazima 69-49, na kochi wao Shaheen Holloway akaenda kazi ingine hiyo wiki iliyofuata. Niliwashangilia raundi mbili nikiwa na hasira nao.

Lakini ile usiku kubwa ya hawa watu wetu ni ya Khaman Maluach. Alizaliwa Rumbek, Sudan Kusini, familia ikahamia Uganda akiwa mdogo, akakulia Kampala. Futi saba na inchi mbili. Alipitia akademia ya NBA huko Senegal, akachezea City Oilers wa Uganda kwa ligi ya Afrika ya BAL, na 2024 alikuwa Olimpiki ya Paris na miaka 17. Hiyo ndo timu ya Sudan Kusini yenye ilikaribia kuaibisha Marekani pale London kabla ya Olimpiki, 101-100, LeBron mwenyewe akiwaokoa mwishoni. So Maluach akienda Duke, nchi kama tatu hivi zilikuwa zinamdai.

Duke walikuwa na nyota wao Cooper Flagg na walikuwa wanatembea juu ya watu. Mount St. Mary's 93-49. Baylor 89-66. Arizona walijaribu, 100-93. Alabama 85-65. Wakafika nusu fainali San Antonio, Sato ya Aprili 5, 2025, kukutana na Houston.

Na hiyo Sato yenyewe, kabla ya gemu, waziri wa mambo ya nje wa Marekani, Marco Rubio, akatangaza kwamba visa zote za watu wa paspoti ya Sudan Kusini zimefutwa. Sababu ilikuwa vita ya maneno juu ya mtu mmoja mwenye Marekani walitaka kurudisha Juba, na Juba wakasema huyo si wetu, ni Mkongo. Sasa imagine wewe ni kijana wa miaka 18. Umevaa jezi, watu karibu elfu sabini wako nje wanaimba, gemu kubwa kabisa ya maisha yako inaanza na masaa machache, na simu inakuambia ile karatasi yenye imekuweka kwa hiyo nchi ni kama haiko. Mbogi yetu haikuongea juu ya mikeka hiyo usiku. Watu walikuwa wanatumiana habari ya visa, na msee mmoja mwenye amewahi nyimwa hiyo visa hapa Nairobi aliandika tu "karibu kwa kilabu", tukanyamaza.

Gemu ikaanza huku tukiwa tunakaribia saa kumi, usiku wa kuamkia Sande. Duke wakapanda mpaka wakawa mbele na pointi 14, zimebaki dakika kama nane. Nilikuwa nimeshaanza kupanga Jumanne. Alafu ring ikajifunga. Dakika kumi za mwisho na kitu, Duke walipata kikapu moja tu ya uwanjani, zingine zote ni za penalti. Bado, sekunde 35 zimebaki, walikuwa mbele na sita! Emanuel Sharp akatupa ya tatu. Duke wakapoteza mpira wakiurusha ndani. Joseph Tugler akaugongelea kwa ring na nguvu. Duke wakakosa penalti, Flagg akashikwa na faulo akigombania ribaundi, na J'Wan Roberts, mwenye si mtu wa penalti, akaingiza zote mbili. Flagg akapewa ya kuwaokoa, akaruka vizuri, mpira ukagonga chuma, na Houston wakamalizia na penalti zingine mbili. Houston 70, Duke 67.

Maluach hakushika ribaundi hata moja hiyo gemu. Magazeti ya Marekani ziliandika hiyo, na ni ukweli, iko kwa karatasi. Mimi nilisoma nikaona ni karatasi ya watu wenye hawajawahi kuenda ofisi na paspoti ya kwetu. Mathe alikuwa ameamka, anapiga pasi nguo za kanisa, akaniuliza kama kuna mtu amekufa.

Houston nao hawakubeba. Florida waliwatoa 65-63 kwa fainali, na Sharp hakuweza hata kurusha ya mwisho. Maluach, Juni hiyo, alichaguliwa namba 10 na akaenda Phoenix Suns.

Sasa nikuambie kitu yenye wasee wengi wa kikapu hapa wanaikalia. Kama unatafuta Mkenya kwa hii mashindano, wacha kuangalia ya wanaume. Madina Okot, mwenye alikuwa anachezea Zetech hapa kwetu, aliingia March Madness ya 2025 akiwa na Mississippi State. Walichapa California, kisha wakapewa USC kwao Los Angeles na wakachapwa 96-59. Hiyo ndo gemu JuJu Watkins wa USC aliumia goti, na Marekani mzima ikalia. Okot baadaye akahamia South Carolina ya kochi Dawn Staley, chuo yenye fainali ni kama ratiba yao ya kawaida. Mkenya. Ametoka kwa gym zetu hizi. Na bado kwa base utapata msee anajua mishahara ya wachezaji wote wa Chelsea na hajui hiyo jina.

Hii ya madem ilibaniwa kitambo. 2021 ndo Sedona Prince wa Oregon aliposti video akionyesha gym: wanaume wamejengewa ukumbi mzima, wanawake wamewekewa rundo moja ya vyuma ndogo. Hata jina March Madness ilikuwa ya wanaume pekee mpaka 2022. Miaka miwili baadaye, fainali ya South Carolina na Iowa ya Caitlin Clark ilichekiwa na watu milioni 18.9 huko Marekani, na ya wanaume mwaka huo haikufika milioni 15. Hiyo mjadala mimi nilifunga hapo.

Kitu yenye inanisumbua ni doo. Siku hizi mchezaji anaweza kuhama chuo kila mwaka, na tangu 2025 vyuo zenyewe zinaweza kuwalipa; msimu wa 2025/26 ilikuwa mpaka dola milioni 20.5 kwa chuo moja. Kulipwa ni haki, sipingi, hao vijana walitajirisha watu miaka na mikaka. Lakini kachuo kakipata kijana mkali, mwaka ujao amenunuliwa. 2025 timu 16 za mwisho zote zilitoka kwa ligi nne kubwa, saba kutoka SEC pekee, na nne za mwisho zote zilikuwa namba 1. Hiyo ilikuwa imefanyika mara moja tu, 2008. Na mtu wetu hata hapo anakula makombo, juu visa ya mwanafunzi inambana kufanya kazi. Tshiebwe ilibidi angoje Kentucky waende ziara Bahamas ndo afanye matangazo yake huko, nje ya Marekani. Mchezaji bora wa nchi anavuka bahari kutafuta kibarua!

So mimi naona ile usiku ya UMBC itakuwa ngumu kurudi. Haitakufa, juu dakika 40 ni dakika 40, lakini itakuwa nadra. Ndo maana nasema ukitaka kuanza, anza saa hii. Fika Nyayo Gym wikendi moja ucheki timu za vyuo zetu, kiti hukosi. Machi ikifika, jaza mikeka mbili, ya wanaume na ya madem. Pitia orodha za wachezaji utafute jina moja ya kutoka huku kwetu, uifuate mpaka itolewe. Na tokens ununue jioni.